Mwanamke Ambaye Kamera Haikumfikia: Pemba katika Zama za Senema Bubu

Mwishoni mwa mwaka 1928 kampuni ya Metro-Goldwyn-Mayer (MGM) ya Marekani ilitoa senema bubu iliyoitwa West of Zanzibar. Muongozaji wake alikuwa Tod Browning, na mchezaji mkuu Lon Chaney, bingwa wa kujigeuza sura na umbo. Kisa chenyewe kinaanza na mwanamke anayevunja ada. Anna, mke wa mfanya mazingaombwe, anaamua kumwacha mumewe na kufuatana na mfanyabiashara wa pembe za ndovu. Mume anajaribu kumzuia mwanamume huyo, anasukumwa, anaanguka kutoka juu na kulemaa miguu. Baadaye Anna anarudi na mtoto mchanga, na mume anamkuta kanisani ameshakata roho. Hapo filamu ndiyo kwanza inaanza.

Mume, ambaye sasa anajikokota kwa mikono, anamchukua mtoto akiamini ni wa hasimu wake, na anampeleka alelewe katika danguro la Zanzibar ili siku moja awe silaha ya kisasi. Binti huyo, Maizie, anakulia kwenye ulevi na fedheha asiyoichagua. Mwisho siri inafichuka: aliyeangamizwa ni damu ya huyo huyo aliyemwangamiza, na mzee anajitoa roho ili binti asichomwe moto na wanakijiji. Mama aliyethubutu ameuawa na hadithi mapema, binti ameadhibiwa kwa niaba yake, na jina la Zanzibar limetumika kama jina la jaa. Yote hayo yalipigwa picha California, kwa mbao, rangi na msitu wa kupandikiza.

Ninaitaja filamu hii kwa sababu katika miaka hiyo hiyo, na kabla yake kidogo, wanawake wa visiwa hivi walikuwa wakivunja ada kwelikweli. Walifanya hivyo mchana kweupe, mbele ya makadhi na mahakimu, kwa miguu yao wenyewe, na wala hawakufa dakika ya kumi. Na hakuna mahali ambapo mchezo huo ulichezwa kwa uzito zaidi kuliko Pemba.

Pemba ya mwanzo wa karne ya 20 ilikuwa kisiwa cha karafuu kuliko kitu chengine chochote. Kimbunga cha mwaka 1872 kiliing'oa mikarafuu ya Unguja na kuiacha sehemu kubwa ya ile ya Pemba, na tangu hapo Pemba ndiyo iliyotoa fungu kubwa la karafuu za dola nzima. Karafuu zilitaka mikono, na mikono ile ilikuwa ya watumwa, wanaume kwa wanawake, waliopalilia, waliochuma, waliochambua makonyo na kuanika majamvini. Tarehe 6 Aprili 1897 Sultani Hamoud bin Mohammed akatoa amri ya kuondoa hadhi ya kisheria ya utumwa. Haikuwa na maana kwamba kesho yake asubuhi kila mtu alikuwa huru. Aliyetaka uhuru alipaswa kwenda mwenyewe kuuomba, na bwana wake akalipwa fidia. Maelfu walikwenda.

Lakini kundi moja la wanawake lilifungiwa mlango. Masuria hawakuhesabiwa pamoja na watumwa wengine. Sheria iliwachukulia kuwa ni kama wake, na suria angeweza kutoka tu iwapo angethibitisha kwamba ametendewa ukatili. Maofisa wa Kiingereza, Arthur Hardinge akiwa mbele yao, walishikilia kwamba kuzigusa nyumba za waungwana ni kuchokoza fitina, na kwamba wanawake hao wakiachiwa wataishia kwenye umalaya. Mtu akiisoma hoja hiyo leo, kisha akaitazama West of Zanzibar, ataona kwamba waliyoyaandika maofisa mwaka 1897 na aliyoyapiga picha Browning mwaka 1928 ni wazo moja: mwanamke akitoka nje ya nyumba ya mwanamume, njia anayoijua ni ya danguro tu.

Na hapa pana jambo linalotaka kutazamwa kwa haki. Usuria haukuwa hali moja. Mtoto wa suria aliyekubaliwa na baba yake alikuwa muungwana na mrithi sawa na ndugu zake. Sultani Barghash mwenyewe mama yake alikuwa suria wa Kihabeshi. Suria aliyemzalia bwana wake alikuwa huru pindi bwana akifa. Zilikuwapo nyumba ambamo alipewa adabu zote na kuzikwa kwa heshima. Lakini adabu ile ilitegemea moyo wa mtu mmoja. Suria hakuulizwa alipoingia, na kabla ya 1909 hakuulizwa kama anataka kubaki.

Mwaka huo, katika enzi ya Sultani Ali bin Hamoud, amri mpya ilimfungulia suria njia ya kwenda mahakamani na kudai uhuru wake kama mtumwa mwengine. Amri hiyo ilikuja na bei. Suria atakayetoka bila ya ridhaa ya bwana alipoteza haki ya kukaa na watoto aliomzalia. Hebu tumfikirie mwanamke wa kiambo fulani kati ya Wete na Chake Chake, mwenye watoto wawili waungwana ndani ya nyumba ya baba yao, anayejua kwamba akishaivuka ile njia ya mikarafuu na kufika mbele ya hakimu, jina lake litabadilika na watoto watabaki nyuma. Akibaki, ana paa, chakula na watoto. Akitoka, ana nafsi yake. Wapo waliobaki, na hakuna anayestahili kuwalaumu. Wapo waliotoka. Sijui mchezo wa kuigiza, wa jukwaani au wa kamera, ulioweka mizani nzito kuliko hiyo mbele ya mhusika wake.

Waliotoka walikwenda wapi? Si kwenye danguro, kama ilivyotabiriwa. Pemba ilikuwa na ardhi, na ardhi ndiyo iliyowapa wengi pa kuanzia. Walilima mihogo na mpunga, walichuma karafuu kwa ujira wa pishi, waliuza vyakula, walisuka mikeka, waliolewa upya. Baadhi walijipatia mikarafuu michache na vibanda vyao. Karibu na Chake Chake, huko Banani, Wakristo wa madhehebu ya Wakweka wa Uingereza chini ya Theodore Burtt walikuwa wameanzisha misheni yao ya kazi mwaka 1897, na baadhi ya walioachwa huru walikwenda kukaa na kufanya kazi huko. Lakini wengi hawakutaka kubadilisha dini ili wabadilishe maisha. Walitaka kuwa Waislamu waungwana, wanawake wenye heshima zao, hapo hapo Pemba.

Mwanahistoria Elisabeth McMahon, ambaye kitabu chake juu ya utumwa na ukombozi kimejengwa juu ya kumbukumbu za Pemba, anaonyesha jinsi neno heshima lilivyopiganiwa katika miaka hiyo. Zamani heshima ilikuwa ya nasaba na nguvu: ulizaliwa nayo au hukuzaliwa nayo. Waliotoka utumwani waliidai kwa matendo, kwa kulipa deni, kwa kusali na jirani, kwa kutunza nyumba, kwa kutoa ushahidi ukaaminiwa. Ninaukubali mtazamo huo, na ningeongeza kwamba kwa wanawake ulikuwa ushindi mkubwa zaidi, kwani wao ndio walioshukiwa kwanza na kuaminiwa mwisho.

Tazama mirathi. Mwanamke aliyewahi kuwa mtumwa akifa na kuacha kibanda, mikarafuu minane na sanduku la nguo, bwana wa zamani au watoto wake wangeweza kujitokeza na kudai urithi kwa haki ya walaa, yaani ile nasaba ya kisheria inayobaki kati ya aliyeacha huru na aliyeachwa. Je, haki hiyo ipo ikiwa uhuru haukutolewa na bwana bali na serikali? Ubishi huo ulifika mbele ya makadhi na maofisa, na ndani yake maisha ya wanawake wa kawaida yaliandikwa kwa mara ya kwanza: walikuwa na nini, walikaa na nani, nani aliwauguza, nani aliwaita dada.

Na tazama nguo. Mtumwa alijulikana kwa kaniki na kwa miguu mitupu. Mara baada ya uhuru kaniki ikaanza kutupwa na kanga ikashika nafasi yake, kisha buibui likaenea hata kwa wanawake ambao mama zao hawakuruhusiwa kujifunika kama waungwana. Mgeni aliyetoka Ulaya aliliona buibui akadhani anaona kifungo. Kwa mwanamke ambaye mwili wake uliwahi kuwa mali ya mtu, kuamua nani amwone na nani asimwone lilikuwa tendo la kujimiliki. Ni dai lililotamkwa kwa nguo, na kila aliyemwona njiani alilielewa.

Wageni wachache waliofika Pemba hawakuja kutafuta habari hizo. Mwandishi wa Kiingereza Evelyn Waugh alipita visiwani, na katika kitabu chake Remote People cha mwaka 1931 Pemba ikajulikana kwa wasomaji wa London kuwa makao ya uchawi. Sisemi kwamba uganga haukuwapo. Ninasema kwamba kisiwa kilichokuwa kikijadili nani ni mtu huru na nani ana haki ya kurithi kiliingizwa vitabuni kwa pazia la mashetani, kama vile jirani yake Unguja ilivyoingizwa kwenye filamu kwa mlango wa danguro.

Senema nayo ilikuwa imeshafika visiwani. Mfanyabiashara Hassanali Adamji Jariwalla, aliyeanza kwa kuonyesha picha katika mahema, alifungua Royal Cinema mjini Zanzibar mwaka 1921, katika jengo lililochorwa na J. H. Sinclair, yule yule aliyechora pia Beit el Amani. Picha bubu zilikuwa na fadhila moja ambayo picha za sauti zilikuja kuipoteza: hazikumfungia nje asiyejua lugha. Mhindi, Mwarabu, Mngazija na Mswahili walikaa mbele ya uso mmoja mkubwa mweupe na mweusi, na kilio kilieleweka bila ya mkalimani.

Lakini swali la nani aonekane kwenye pazia lilikuwa zito hata huko picha zilikotoka. Dadasaheb Phalke alipotengeneza Raja Harishchandra, filamu ndefu ya kwanza ya India, mwaka 1913, hakupata mwanamke wa kuigiza malkia. Nafasi hiyo ikachezwa na mwanamume, Anna Salunke, aliyekuwa akifanya kazi ya upishi. Kuonekana kwenye kamera kulihesabiwa aibu kubwa. Mwaka 1922 Fatma Begum, mwanamke wa Kiislamu kutoka jukwaa la Kiurdu, akaingia kwenye filamu ya Veer Abhimanyu. Mwaka 1926 akaanzisha studio yake mwenyewe mjini Bombay, Fatma Films, na kuongoza Bulbul-e-Paristan, na hivyo akawa mwanamke wa kwanza wa India kuongoza filamu. Binti zake watatu, Sultana, Zubeida na Shehzadi, wote waliigiza.

Jina la Fatma limefungamanishwa na Nawab wa Sachin, Sidi Ibrahim Muhammad Yakut Khan III, ingawa hakuna hati ya ndoa na Nawab hakuwatambua rasmi watoto. Kwa msomaji wa pwani yetu, jambo la kushika hapo ni lile neno Sidi. Watawala wa Sachin walikuwa kizazi cha Waafrika waliovuka Bahari ya Hindi kama watumwa, askari na mabaharia, wakapanda hadi wakawa na dola zao wenyewe. Bahari ile ile iliyoleta watumwa Pemba iliwapeleka wengine Gujarat. Filamu bubu za India zilizidi 1,000, na zilizosalia ni chache mno. Bulbul-e-Paristan haimo miongoni mwao.

Sasa turudi mwaka 1928. Wakati Browning anajenga Zanzibar yake ya mbao, mwanamke wa Unguja alipanda meli kwenda Bombay, mji wa Fatma Begum, akiwa na wapigaji wake, kwa mwaliko wa kampuni ya santuri ya His Master's Voice. Alizaliwa Fumba mnamo 1880 kwa wazazi wenye asili ya bara walioonja utumwa, na jina lake la kwanza lilikuwa Mtumwa. Aliuza vyungu mlango kwa mlango, akavinadi kwa sauti iliyowafanya watu wasimame. Mwaka 1911 akahamia mjini. Dunia ikamjua kwa jina la Siti binti Saad.

Alichokifanya ni kigumu kukieleza kwa mtu aliyezaliwa baada yake, kwa sababu leo tunakiona ni cha kawaida. Taarabu aliyoikuta ilikuwa ya jumba la mfalme. Sultani Barghash alikuwa amempeleka Mohamed Ibrahim Misri akajifunze, na chama cha Ikhwani Safaa, kilichoundwa mwaka 1905, kilikuwa cha wanaume. Lugha ya nyimbo ilikuwa Kiarabu. Siti akaimba kwa Kiswahili, mbele ya wanaume, akiongoza kundi la wapigaji hodari kama Mbaruk Effandi Talsam, Subeti Ambar na Maalim Shaaban. Alialikwa kwa Sultani Khalifa bin Harub, kisha usiku mwengine akawaimbia majirani wa mtaa wa Ng'ambo. Wapinzani walimkejeli kwa sura na kwa asili yake. Alijibu kwa wimbo, na jibu lake ndilo lililobaki midomoni mwa watu.

Aliimba pia kesi. Wimbo wake wa Kijiti unahusu mwanamke mgeni aliyeuawa baada ya kupelekwa kwenye ngoma. Mtuhumiwa akatorokea bara, na mkono wa sheria ukawaangukia wanawake waliofuatana na marehemu. Mahakama ilishatoa neno lake. Siti akaifungua kesi upya mbele ya umma, na watu wakaisikiliza miaka mingi baada ya hakimu kusahauliwa. Kila ninapoulizwa kama visiwa vyetu viliwahi kuwa na tamthilia ya mwanamke na jamii katika zama za senema bubu, huu ndio mfano ninaoutoa kwanza. Pazia halikuwa na sauti, lakini santuri ilikuwa nayo, na ndani ya miaka michache santuri za kundi lake ziliuzwa kwa makumi ya maelfu Afrika Mashariki.

Pemba haikuwa pembeni mwa mambo hayo. Kila msimu wa mchumo watu walivuka kutoka Unguja na mrima kuja kuchuma. Walikuja na kanga za mwaka huo, na habari za mjini, na nyimbo. Mchumaji aliye juu ya mkarafuu ana mikono iliyoshughulika na kinywa kilicho huru. Wimbo hauna usafiri bora kuliko huo. Baadhi ya wanawake waliokuwa chini wakichambua makonyo walikuwa mabinti na wajukuu wa wale waliosimama mbele ya hakimu. Hawakuhitaji kuelezwa Mtumwa aliyegeuka Siti ni nani.

Mwaka 1931 filamu ya kwanza ya India yenye sauti, Alam Ara, ilitoka, na mhusika mkuu wa kike alikuwa Zubeida, binti wa Fatma Begum. Zama za picha bubu zikawa zinakwisha. Miaka iliyofuata mjini Zanzibar yakapangwa maonyesho ya wanawake peke yao, na mwanamke ambaye asingekubaliwa kukaa chumba kimoja na wanaume wasio maharimu aliweza kwenda, buibui lake mwilini, watoto kiunoni, akalia kwa ajili ya Nargis, mwigizaji wa India. Chake Chake na Wete nazo zikapata senema zao. Wakubwa waliokuwa wakilalamika kwamba picha zitawaharibu mabinti walisahau kwamba nyanya za mabinti hao walishavunja mambo makubwa zaidi bila ya kuona picha hata moja.

Siti alifariki tarehe 8 Julai 1950, na Shaaban Robert akaandika wasifu wake. Pengo la filamu lilichukua muda mrefu zaidi kuzibwa. Mwaka 1999 Adam Shafi alichapisha riwaya ya Vuta n'kuvute, na Yasmin, msichana wa Kihindi anayemkimbia mume mzee aliyeozwa kwake na kuingia maisha ya Ng'ambo, akawa mmoja wa wahusika wanaopendwa mno katika fasihi ya Kiswahili. Mwaka 2021 Amil Shivji akaigeuza filamu, na ikaonyeshwa kwenye tamasha la Toronto. Hapo mwanamke wa Zanzibar anayevunja ada ameonekana kwenye pazia akiwa ndani ya Zanzibar ya kweli, anasema Kiswahili, na mwandishi wake ni mtu wa hapa.

Pemba bado. Yule suria wa 1909 hajapata mwandishi wala muongozaji. Malighafi ipo: kesi, mirathi na barua za maofisa zimo katika Nyaraka za Taifa za Zanzibar pale Kilimani, kwa Kiarabu, Kiswahili na Kiingereza, na wanahistoria wa kigeni wameshaonyesha kwamba zinasomeka. Kazi hiyo inamtaka kijana wa Pemba anayejua Kiarabu cha makadhi na lugha ya viambo vyetu, atakayekubali kukaa na faili hizo hadi mwanamke mmoja aliyekwenda mahakamani Chake Chake apate uso, mavazi, watoto na maneno yake mwenyewe. Wala hataki pesa za MGM. Anataka muda, mtu wa kumgharamia nauli ya boti na malazi ya mjini, na mzee wa kumsomea yale maandishi yaliyofifia.